Mkulima Aliyeshika Kamera: Kazi Nyingi za Kisilu Musya wa Kitui Katika Filamu

Utangulizi

Wahenga walinena kuwa adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Aghalabu methali hii hutumiwa kumnyamazisha mtu anayesimulia mateso asiyoyaonja. Hata hivyo, ina upande wa pili ambao hatuutazami sana. Ikiwa aijuaye adhabu ni maiti, na maiti hasemi, basi ni nani atakayetusimulia habari za kaburini? Kwa muda mrefu hiyo ndiyo iliyokuwa hali ya mkulima wa nchi kame katika sanaa ya filamu. Alionekana lakini hakusema, na hata aliposema, maneno yake yalichaguliwa na kupangwa na mtu aliyekaa mbali na jua lililomchoma.

Makala haya yanamzungumzia mtu mmoja miongoni mwa walioitikisa desturi hiyo. Kisilu Musya ni mkulima mdogo wa Kitui, mashariki mwa Kenya. Jina lake linafungamana na filamu ya Thank You for the Rain, yaani "Ahsante kwa Mvua", iliyoonyeshwa kwa umma kuanzia mwaka 2017. Katika filamu hiyo Kisilu ndiye mhusika mkuu. Papo hapo, sehemu kubwa ya picha tunazoziona alizipiga yeye mwenyewe, na katika orodha ya watayarishi ametajwa kuwa mwelekezi mwenza pamoja na Julia Dahr wa Norwe. Aliyeonyeshwa ndiye aliyeonyesha.

Makala yana nia tatu. Kwanza, kueleza kazi mbalimbali alizozifanya Kisilu na namna zinavyohitilafiana. Pili, kuiweka tajriba yake katika historia ya Waafrika waliosimama mbele ya kamera za wageni. Tatu, kuuliza swali linalotuhusu sisi wanafunzi wa Kiswahili: je, kushika kamera kunatosha kumpa mtu umiliki wa hadithi yake?

Mwigizaji, mhusika au mpigapicha?

Tuanze na msamiati, kwani mtu asiye na jina la kitu hukitazama kwa shida. Neno "mwigizaji" linatokana na kitenzi "iga". Mwigizaji ni mtu anayejivika hali isiyo yake ili tuiamini: mwenye shibe akaigiza njaa, au mtu mpole akaigiza ukatili. Kwa maana hiyo Kisilu si mwigizaji. Mahindi yaliyonyauka katika filamu ni mahindi yake, na watoto tunaowaona ni watoto wake.

Neno la pili ni "mhusika". Hili nalo lina mzizi wake katika kitenzi "husu", kikaongezewa kiambishi cha kutendeka, kikawa "husika". Kiambishi hicho huonyesha hali ya kitu kilichofikiwa na tendo. Kikombe huvunjika, mlango hufunguka, na mtu huhusika. Ndiyo kusema kwamba mhusika, kwa asili ya neno lenyewe, ni mtu ambaye jambo limemfikia. Filamu za matukio halisi, yaani zile zisizobuni kisa bali hufuata maisha ya watu walivyo, zimejaa wahusika wa namna hii. Ukame umewafikia, vita vimewafikia, kisha na kamera nayo ikawafikia.

Upande wa pili wa kamera kuna majina mengine: mpigapicha, mnasa sauti, mhariri, mtayarishaji, na juu yao wote mwelekezi, ambaye ndugu zetu wa Tanzania humwita mwongozaji. Majina haya yote ni ya watendaji. Mpigapicha hupiga, mwelekezi huelekeza. Baina ya mhusika na mwelekezi, basi, pana mpaka ambao hata sarufi yetu inauonyesha, kwani mmoja hufikiwa na tendo na mwingine hulitenda. Kisilu Musya aliuvuka mpaka huo bila kuuacha upande wa kwanza.

Waliotangulia mbele ya kamera

Ili tupime uzito wa jambo hili, hatuna budi kurudi nyuma. Mwaka 1929 kampuni ya Metro-Goldwyn-Mayer ya Marekani ilileta kikosi Afrika Mashariki, chini ya mwelekezi W. S. Van Dyke, kupiga picha za filamu ya Trader Horn. Filamu hiyo ilitoka mwaka 1931. Ndani yake Mwafrika aitwaye Mutia Omoolu aliigiza Renchero, mbeba bunduki mwaminifu wa mfanyabiashara wa Kizungu. Kazi yake haikuishia Afrika. Alipelekwa hadi California ili sehemu zilizosalia zikamilishwe huko. Safari yake ilikuwa ndefu, lakini alivyokumbukwa kunasikitisha. Katika filamu za Tarzan zilizotengenezwa baadaye na kampuni hiyo hiyo, lipo genge la mawe la kubuni lililopewa jina Mutia. Mtu aligeuzwa jabali, na watazamaji wengi wa jabali hilo hawakujua kuwa jina lilikuwa la mtu.

Kati ya mwaka 1935 na 1937 ulifanywa mradi wa namna nyingine huko Vugiri, katika milima ya Usambara, nchini Tanganyika. Mradi huo, uliojulikana kama Bantu Educational Kinema Experiment, ulitengeneza filamu fupi 35, nyingi zikiwa za mafunzo. Zilipakiwa katika lori pamoja na mitambo ya kuzionyeshea, zikazungushwa katika makoloni ya Uingereza ya eneo hili. Miongoni mwa mada zake ilikuwamo ya mmomonyoko wa udongo. Hapa Mwafrika hakutumiwa kuwaburudisha watazamaji wa ng'ambo. Alitumiwa kumfunza Mwafrika mwenziwe. Hata hivyo, somo lilikuwa limekwisha kuandikwa kabla yeye hajaitwa, na lilisema kuwa nchi inaharibika kwa sababu mkulima hajui.

Somo hilo halikubaki katika filamu tu. Katika miaka hiyo hiyo serikali ya kikoloni iliwalaumu Wakamba kwa kuharibu ardhi kwa wingi wa mifugo, ikaanza kuwapunguzia ng'ombe kwa nguvu. Mwaka 1938 maelfu ya Wakamba wakiongozwa na Muindi Mbingu walikwenda Nairobi kwa miguu kupinga jambo hilo. Walikuwa na maelezo yao kuhusu ardhi, malisho na mipaka waliyowekewa. Hawakuwa na kamera.

Mwaka 1955 ilitoka Marekani filamu iliyopewa jina la kabila lenyewe, Wakamba!, kazi ya tajiri Edgar Queeny. Kwa mara nyingine watu wa Ukambani walikuwa kitu cha kutazamwa. Hatusemi kuwa filamu hizi hazina thamani, kwani zimehifadhi sura, mavazi na ngoma ambazo leo ni vigumu kuziona kwingineko. Tunachosema ni kwamba katika zote tatu, aliyesimama mbele ya kamera hakuwa na uwezo wa kuigeuza ielekee anakotaka yeye.

Nchi inayosubiri mvua

Msomaji asiyeijua Kitui wala Makueni huenda akauliza kwa nini mvua ipewe uzito wa kuwa jina la filamu. Kaunti hizi mbili hutenganishwa na mto Athi kwa sehemu kubwa ya mpaka wao. Makueni ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Machakos hadi mwaka 1992 ilipofanywa wilaya ya pekee. Kitui iko ng'ambo ya mashariki, nayo hushuka polepole kuelekea nyika za Tana na Tsavo. Yapo maeneo ya milima yenye ubaridi na rutuba, kama Mbooni na Kilungu upande wa Makueni, lakini kadiri mtu anavyoshuka ndivyo ardhi inavyozidi kuwa kavu, na mibuyu na migunga huchukua nafasi ya miti mingine.

Misimu ya mvua ni miwili. Upo wa Machi hadi Mei, ambao Wakamba huuita uua, na upo wa Oktoba hadi Desemba, unaoitwa nthwa. Tofauti na sehemu nyingi za Kenya, huku msimu unaotegemewa zaidi ni huo wa mwisho wa mwaka. Mvua ya nthwa ikikosa, familia haina njia nyingine ila kusubiri karibu mwaka mzima. Ndiyo maana mkulima wa huku hupanda pojo, kunde, mbaazi na mtama, mimea inayovumilia kiu, ingawa moyo wake bado unayapenda mahindi.

Kumbukumbu ya ukame imehifadhiwa katika lugha. Wakamba huipa kila njaa kubwa jina lake. Ile ya mwishoni mwa karne ya 19 huitwa Ngomanisye, kwa kuwa ilienea kila mahali. Nyingine ya miaka ya 1980 huitwa Nikw'a Ngwete, maana yake "nafa huku nimeshika", kwani watu walikuwa na fedha mkononi lakini chakula cha kununua hakikuwapo. Majina haya mawili yana historia ya uchumi ndani yake. Mwana wa Ukambani anayeyasikia kwa bibi yake amekwisha kuelezwa jinsi dunia ya wazee wake ilivyobadilika, kabla hajafungua kitabu chochote.

Si kweli pia kwamba watu wa huku hukaa tu wakitazama mawingu. Kuna aina ya matuta ambayo mkulima huchimba mtaro kufuata mkingamo wa mlima na kuutupa udongo upande wa juu. Udongo huo hujenga ukingo, maji husimama badala ya kuteremka, na baada ya miaka kadhaa mteremko huwa ngazi za mashamba yaliyo sawa. Njia hii huitwa fanya juu. Ilistawi Machakos, na jina lake limeingia katika vitabu vya kilimo vya Kiingereza bila kutafsiriwa. Mwanafunzi wa Kiswahili ana haki ya kulionea fahari neno hili, maana ni mojawapo ya machache tuliyoyauza nje yakiwa mazima.

Kamera inapokabidhiwa

Katika mazingira hayo ndipo Julia Dahr alipokutana na Kisilu Musya. Dahr alikuja Kenya akitafuta mkulima ambaye maisha yake yangeonyesha maana ya mabadiliko ya tabianchi kwa mtu wa kawaida. Hadi hapo kisa hakina jipya, kwani mgeni amekuja na kamera kumtafuta mwenyeji. Lakini Kisilu naye alipewa kamera, akaanza kuweka shajara ya picha. Kwa kipindi cha takriban miaka mitano aliinasa familia yake, mimea yake, majirani zake na mbingu.

Methali yetu inasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Hapa, hata hivyo, mwenyeji hakupona kwa kuletewa dawa. Alipewa chombo, na tiba aliitafuta mwenyewe. Tuangalie basi kilichobadilika katika filamu kwa sababu ya uamuzi huo mmoja.

Badiliko la kwanza ni la wakati. Kikosi cha kigeni huja kwa majuma kadhaa na kuondoka, na tiketi ya ndege ndiyo inayopanga matukio. Ukame hauna ratiba ya namna hiyo. Huja polepole, siku moja ikifanana na nyingine, na ubaya wake umo katika kule kufanana. Ni mtu anayeishi hapo tu awezaye kuipiga picha siku ya kawaida, kisha akarudia kesho na mtondo. Vivyo hivyo, msiba haungoji mpigapicha. Miongoni mwa matukio makuu ya filamu ni dhoruba kali iliyoiharibu nyumba ya Kisilu. Mtu aliyeomba mvua kwa miezi alipata mvua iliyomharibia makazi. Hilo ndilo fumbo lililomo katika jina la filamu, na ndilo fumbo la tabianchi ya sasa, ambapo kiangazi na gharika hupokezana zamu.

Badiliko la pili ni la masafa. Mgeni, hata awe na heshima kiasi gani, hubadilisha hali ya nyumba anapoingia. Watoto hukaa sawa, mama hufunga leso upya, na maneno huchujwa. Baba anapokuwa ndiye mwenye kamera, hakuna wa kuchujiwa maneno. Kwa sababu hiyo tunaona mambo ambayo filamu za misaada hazituonyeshi: mzaha, uchovu usio wa kuigiza, na kutoelewana kwa mume na mke kuhusu jambo dogo ambalo kwa kweli si dogo.

Badiliko la tatu ni la hoja. Filamu za kukusanyia misaada humtazama mkulima kama shimo linalohitaji kujazwa. Kisilu alipojipiga picha, alijionyesha akifanya kazi. Aliwakusanya majirani, wakajifunza pamoja, wakapanda miti na kuyatunza mashamba yao ili yastahimili kiangazi. Baadhi ya wanaume wa maeneo kame huondoka kwenda mijini kutafuta vibarua ukame unapozidi. Kisilu alibaki, akawashawishi wengine kuwa kubaki kunawezekana. Kwa hiyo orodha ya kazi zake ikaongezeka. Mkulima na mpigapicha akawa pia mwalimu wa watu wazima na kiongozi wa kikundi.

Kutoka shambani hadi Paris

Safari ya Kisilu haikuishia kijijini. Alialikwa Ulaya kuzungumza, akafika Norwe, na mwishoni mwa mwaka 2015 akahudhuria mkutano mkuu wa Umoja wa Mataifa kuhusu tabianchi mjini Paris. Huo ndio mkutano uliozaa Mkataba wa Paris tarehe 12 Desemba 2015, ambao nchi zilikubaliana kuzuia ongezeko la joto la dunia lisifike nyuzi 2 za Selsiasi na kujitahidi lisipite nyuzi 1.5.

Hapa pana kejeli ambayo filamu haiikwepi. Mtu aliyezoea kuzungumza na majirani chini ya mti, wakakubaliana na kesho yake wakashika majembe, alijikuta katika kumbi ambamo maelfu ya watu huzungumza juu ya mvua kwa siku nyingi pasipo jembe hata moja kuonekana. Kama mhusika, alipewa nafasi ya kueleza mateso yake. Wakuu walisikiliza. Je, kusikilizwa ni sawa na kukubaliwa? Mtazamaji makini hutoka na jibu chungu, kwamba katika mikutano ya namna hiyo mkulima huombwa awe shahidi na ni mara chache huombwa awe mwamuzi. Mhusika anabaki kuwa mtu aliyefikiwa na tendo.

Matukio ya baadaye yanaonyesha kuwa shaka hiyo ilikuwa na msingi. Iliwalazimu wakulima wa nchi maskini kusubiri hadi mwaka 2022, katika mkutano wa Sharm el-Sheikh nchini Misri, ndipo nchi zikubaliane kuanzisha mfuko wa kuwafidia walioathirika. Katika muda huo huo, kuanzia mwishoni mwa mwaka 2020 hadi mwisho wa 2022, misimu mitano ya mvua mfululizo ilikosa katika sehemu kubwa za Pembe ya Afrika, zikiwamo nyika za mashariki mwa Kenya. Kisha masika ya mwaka 2024 yakaleta mafuriko. Filamu ilikwisha, lakini kisa kiliendelea bila kamera.

Aliyebaki nyumbani

Hatuwezi kuzitaja kazi za Kisilu tukamsahau Christina, mkewe. Mume anapozunguka kijijini kuwahamasisha watu, na baadaye anapopanda ndege, shamba halisimami. Mbuzi wanahitaji maji, watoto wanahitaji karo na chakula, na maji hayaji nyumbani yenyewe. Mzigo huo ulimwangukia Christina, na filamu haikuuficha. Malalamiko yake yamo ndani, naye haonyeshwi kama mke mkaidi anayemzuia shujaa. Anaonyeshwa kama mtu mwenye hoja.

Kwa maoni ya mwandishi wa makala haya, hapa ndipo filamu inapopanda daraja. Mwelekezi ambaye pia ni mhusika angeweza kujipamba, kwa maana kamera ilikuwa mkononi mwake. Kisilu aliacha picha zinazomlaumu zibaki. Mwandishi wa tawasifu hujua ugumu wa jambo hili. Ni rahisi kuandika njaa uliyopitia, na ni vigumu kuandika jinsi wema wako kwa umma ulivyomlemea mtu wa nyumbani kwako.

Aidha, kisa cha Christina kinatukumbusha kuwa swali la nani anashika kamera haliishi baada ya kamera kutoka kwa Mzungu kwenda kwa Mwafrika. Ndani ya boma moja yupo anayepiga picha na yupo anayepigwa. Laiti Christina naye angeweka shajara yake, huenda tungeiona filamu nyingine kabisa juu ya miaka ile ile mitano.

Kamera na mkasi

Sasa turudi kwenye swali la utangulizi. Je, Kisilu aliimiliki hadithi yake?

Wajuzi husema kuwa filamu hutengenezwa mara tatu: inapopangwa, inapopigwa picha na inapohaririwa. Katika filamu ya matukio halisi hatua ya tatu ndiyo yenye nguvu kuliko zote. Picha za miaka mitano hazina budi kupunguzwa hadi zienee katika muda wa saa moja na nusu hivi. Anayeushika mkasi huamua kisa kianzie wapi, machozi yaje kabla au baada ya kicheko, na nani asemwe kuwa alishinda. Kampuni zilizotayarisha Thank You for the Rain zilikuwa za Norwe na Uingereza, na onyesho lake la kwanza lilikuwa katika tamasha la filamu la Copenhagen, Denmark, mwezi Machi 2017. Si lawama kulitaja hilo. Bila fedha na maarifa hayo, huenda shajara ya Kisilu ingebaki katika sanduku. Lakini ni lazima tuone kuwa kamera ilivuka bahari ikafika Kitui, ilhali fedha, soko na majukwaa ya kuionyeshea filamu yalikuwa bado kwingine.

Hivyo basi jibu letu ni la katikati. Tukimlinganisha na Mutia Omoolu, Kisilu amepiga hatua kubwa. Jina la mmoja lilipewa jabali la kubuni, na la mwingine limeandikwa kama jina la mtu, pamoja na kazi aliyoifanya. Tukimpima kwa kipimo cha umiliki kamili, bado safari ni ndefu.

Upo mfano wa kutuonyesha umiliki wa kweli unavyoweza kuwa, nao uko ng'ambo ya pili ya Athi. Mwaka ule ule wa 2015, Kisilu alipokuwa Paris, Kaunti ya Makueni ilikuwa imejitungia sheria ya kuuhifadhi mchanga wa mito yake pamoja na kanuni za mfuko wake wa tabianchi. Asiyeijua nchi hii huenda akacheka akisikia sheria ya mchanga. Lakini katika mito ya msimu ya Makueni na Kitui, mchanga ndio ghala la maji. Watu hujenga ukuta wa mawe na saruji kukingama mto, mafuriko yakaujaza mchanga nyuma ya ukuta, na maji yakajificha ndani yake, mbali na jua, hadi kiangazi. Mchanga ukichotwa na malori kupelekwa mijini kujengea nyumba, maji nayo yamechukuliwa. Wakazi waliojua siri hiyo ndio waliokuwa karibu na walioandika sheria. Hapo aijuaye adhabu alikuwa pia ameushika mkasi.

Hitimisho

Tumemwona Kisilu Musya katika kazi zake nyingi: mkulima, baba, mhusika, mpigapicha, mwelekezi mwenza, kiongozi wa kikundi, msemaji katika kumbi za kimataifa. Hakuna hata moja kati ya kazi hizo iliyomwondoa katika ya kwanza. Thamani ya picha zake inatokana na kwamba baada ya kuizima kamera alirudi kulima.

Mwandishi wa makala haya amelelewa Makueni, na amewahi kuona wageni wakija na kamera msimu wa njaa na kutoonekana tena msimu wa mavuno. Tulizoea kusimama tulipoambiwa tusimame. Leo simu iliyo mfukoni mwa mwanafunzi wa kawaida hupiga picha bila gharama ya kutisha. Kikwazo cha chombo kimepungua sana. Vilivyobaki ni vikwazo vya lugha, subira na uhariri, na hivyo ni vikwazo ambavyo chama cha Kiswahili cha chuo kikuu kinaweza kuvishughulikia.

Tunapendekeza mambo mawili. Kwanza, wanachama wanaotoka maeneo kame wakusanye majina ya njaa na misimu katika lugha zao, pamoja na maelezo ya wazee juu ya chanzo cha kila jina, kabla wazee hao hawajatutoka. Pili, msamiati wa filamu ufundishwe na ujadiliwe katika vikao vyetu, ili kijana anayetaka kuhariri filamu kwa Kiswahili asilazimike kuomba maneno kwa jirani. Mswada unaoweza kuandikwa Kitui, ukapigwa picha Kitui na kuhaririwa Kitui, si ndoto kubwa mno.

Mwezi Oktoba ukifika, wakulima wa pande zote mbili za Athi watakuwa wamekwisha kutayarisha mashamba, wakitazama mashariki. Baadhi yao watakuwa na simu mikononi. Ni vyema wajue kuwa kile wanachokiona kina wasikilizaji, na kuwa lugha ya kukisimulia wanayo.